Mwalimu Asiye na Kichuguu

Tangu asubuhi mke wangu anatafuta vijiti vya kupigia kichuguu, na mimi nimevikalia. Viko chini ya mto wa kiti changu, hapa barazani, nyumbani Ludara, Koboko. Jana mvua ilinyesha, leo jua limetoka kidogo, na kila mtu mwenye akili hapa kijijini anajua kumbikumbi watatoka. Kwa majirani nasikia ko-ko-ko, ko-ko-ko, ubao unapigwa. Kwangu kimya.

"Baba Amina, vijiti umeviona?"

"Viko mahali," nikamjibu, na huo si uongo.

Ningemweleza, lakini ingebidi nianze na mtu ambaye yeye hakumjua, Mwalimu wangu wa Sayansi, na yule mtu hasimuliki kwa mkato. Naye, aliyetaka kujua jambo hili kuliko watu wote, tumesikia amezikwa Arua kabla ya mvua hizi kuanza. Kwa hiyo nimechelewa. Kuchelewa ndiyo kazi pekee ambayo sikuhitaji kufundishwa.

Mwalimu wa Sayansi alikuwa hajibu swali. Sisemi alijibu machache, au alijibu kwa shida. Hajibu. Ukimwuliza, "Mwalimu, tunatoka saa ngapi?" anakuambia, "Kivuli cha bendera iko wapi?" Basi darasa zima linageuka dirishani kutafuta kivuli, na yeye, akidhani hatumwoni, anavuta mkono wa shati na kuchungulia saa yake. Siku moja alikuja mzazi mgeni akauliza ofisi ya hedimasta iko wapi. Mwalimu akamtazama kwa heshima, akasema, "Mzee, wewe ungekuwa hedimasta, ungekaa wapi?" Yule mzee akazungusha macho, akaona mlango mmoja tu wenye pazia, akaenda moja kwa moja. Mwalimu akafurahi siku nzima kama aliyeozesha binti.

Alikuwa mtoto wa mjini, Mnubi wa Arua, kizazi cha askari wa zamani, na Kiswahili chake kilikuwa cha kambini, kinakwenda kama askari anayetafuta chakula. Darasa lilitakiwa liwe Kiingereza, na lilikuwa Kiingereza mpaka jambo lilipopamba moto. Hapo ndipo aliposema neno lake, lile ambalo mpaka leo sisi tuliosoma kwake tukikutana sokoni tunaambiana badala ya salamu: "Nani alikuambia?"

Unasema maji yanachemka yakipata moto. Nani alikuambia? Unasema popo ni ndege. Nani alikuambia? Hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu anayetaka kwenda kumwona huyo aliyekuambia, anywe naye chai.

Kuna kiti kimoja. Shule yetu ilikuwa na viti vichache sana vyenye mikono, na kimoja kilikuwa cha Mwalimu wa Sayansi, mbele ya darasa. Mwanafunzi akisema kitu ambacho amekiona kwa macho yake mwenyewe, si cha kusikia, Mwalimu anasimama, anakifuta kile kiti kwa kitambaa cha ubaoni, anasema, "Haya, mwalimu. Kaa. Tufundishe." Halafu yeye anakuja nyuma kukaa benchi na wanafunzi. Wa kwanza kukaa pale alikuwa msichana mmoja wa Abuku ambaye aliwahi kumvunjia kuku mayai kila siku mpaka kifaranga, kusudi aone kinavyokua. Nyumbani alichapwa. Kwa Mwalimu alikaa kwenye kiti kipindi kizima.

Mimi sikukaa kwenye kile kiti hata siku moja. Mimi nilikuwa mtu wa benchi la nyuma, karibu na mlango unaotazama kwetu. Hata sasa niko hivyo. Wenzangu wa Koboko wamekwenda Juba, Kampala, wengine Uarabuni. Mimi nikienda soko la jirani watoto wananisindikiza kama mtu anayehama. Lakini benchi la nyuma lilikuwa na faida yake, kwa sababu Mwalimu akitoa kiti chake alikuja kukaa pale, ubavuni kwangu, akinuka chaki na tangawizi. Nusu ya sayansi yangu nimeipata kwa kumtazama mtu mzima akisikiliza. Kichwa anakiinamisha upande, mdomo uko wazi kidogo, kama mtu asiyejua kabisa kitakachofuata. Tulikuwa tunasema, huyu mzee anaigiza vizuri. Tulikuwa na hakika jibu liko mfukoni mwake, amelikunja pamoja na kitambaa, na siku moja atalitoa.

Usidhani alikuwa malaika. Aliogopa mjusi. Mjusi akipita ukutani, somo la wanyama linafundishwa kutoka mlangoni, mguu mmoja nje. Alichukia foleni ya bomba, akawa anawapita akina mama na ndoo yake akiwauliza habari za watoto, mpaka wanagundua ndoo imejaa. Alituambia tusiamini kitu ambacho hatujakijaribu, lakini yeye mwenyewe hakunywa maji baridi baada ya chai moto, eti meno yatapasuka. Siku aliyotuambia hilo, tulikuwa tumeingojea kwa hamu. Darasa zima kwa sauti moja: "Nani alikuambia?"

"Mama yangu," akasema, na mjadala ukafungwa.

Sasa kumbikumbi. Asiye wa huku inabidi aelezwe. Kumbikumbi ni mchwa wenye mabawa, Walugbara wa upande wa Arua wanawaita onya, na mvua zikianza wanatoka kwenye vichuguu, nasi tunawala, wabichi, wakavu, wa kupondwa. Huku kila kichuguu kina mwenyewe, hata kikiwa katikati ya njia. Mtu anakirithi kwa baba yake kama anavyorithi shamba. Siku ikifika unakifunika kwa matawi na blanketi, unaacha tundu moja, unachimba shimo dogo la kuwapokea, halafu unakaa na vijiti viwili unapiga ubao. Ko-ko-ko. Ukipiga, wanatoka. Kila mtu anajua.

"Kwa nini nyinyi napiga?" Mwalimu akauliza siku moja, mvua ya kwanza ikiwa imepita.

"Wanadhani ni mvua, Mwalimu."

"Nani alikuambia?"

"Babu."

"Na babu aliambiwa na kumbikumbi?"

Tukacheka. Yeye hakucheka. Akauliza kama kuna mtu amewahi kukaa kando ya kichuguu, amekifunika, ameweka kila kitu, halafu hakupiga. Hakuna aliyenyoosha mkono. Swali lenyewe lilikuwa la kipuuzi. Ni kama kumwuliza mtu amewahi kusonga ugali hadi mwisho halafu akausindikiza jalalani.

"Basi pengine wanatoka kwa sababu ya ngoma," akasema. "Pengine wanatoka tu, na nyinyi nasumbua mbao. Tutajuaje?"

Tukapanga. Yule msichana wa Abuku alikuwa akikaa kwa bibi yake karibu na shule, na bibi alikuwa na vichuguu viwili vimekaa kama mapacha. Kimoja kingepigwa, kingine kisipigwe. Vyote vifunikwe sawa. Kundi la kwanza lipige. Kundi la pili, ambalo bila shaka ndilo langu, likae tu na kutazama. Sharti moja: hakuna kula mpaka tuwe tumelinganisha.

Tulikwenda mchana, darasa zima, Mwalimu mbele na viatu vyake vya kung'aa vikipigana na tope. Kundi la kwanza wakaanza ko-ko-ko. Sisi tukakaa kwenye nyasi, mikono magotini, tunatazama tundu letu. Sijawahi kuifanya kazi inayonifaa kiasi kile. Halafu kwa wenzetu kumbikumbi wakaanza kumiminika, na kwetu bado, na mtu mmoja upande ule akatia mmoja mdomoni, kuonja tu kama ni halisi.

Tungeweza kuvumilia. Naamini hivyo. Lakini bibi alitoka ndani, akaona watoto wakubwa wamekaa mbele ya kichuguu chake wamekunja mikono.

"Watoto gani hawa?" akasema. "Chakula iko chini, wao nakaa kama wageni wa msiba."

"Bibi, tunachunguza," mjukuu wake akamwambia.

"Chunguza nini? Chakula iko napotea." Akatwaa vijiti kwa wale wenzetu, akamsukuma mmoja wetu kwa goti, akakaa, akapiga. Na kumbikumbi wakatoka. Kama wangetoka bila yeye, au walitoka kwa ajili yake, Mungu peke yake anajua. Baada ya hapo hapakuwa na kundi la kwanza wala la pili. Tulikula wote, kwa mikono miwili, mabawa yametuganda mashavuni, na Mwalimu wa Sayansi alikula kuliko sisi, kwa sababu kwao mjini alikuwa anawanunua kwa vikombe tu.

Alipomaliza akafuta mdomo. "Sasa tumekula jibu," akasema. Halafu akaongeza, nakumbuka vizuri kwa sababu tulicheka sana: "Nyinyi wote iko na kichuguu nyumbani. Mimi sina. Mutu mwenye kichuguu, asipige siku moja tu, halafu arudi aniambie."

Tulidhani anatutania. Mwalimu, aje aambiwe na sisi.

Habari ya somo lile ilifika nyumbani kabla yetu. Wazazi wakaja shuleni, na msemaji wao alikuwa baba yangu, mzee wa jeshi, koti limefungwa vifungo vyote.

"Mwalimu," akasema, "maswali mtoto alikuwa nayo tangu nyumbani. Alikuja nayo bure. Sisi namleta hapa achukue majibu."

Wazazi wakaitikia. Mwalimu akamwuliza, kwa ile heshima yake, "Mzee, kule jeshini, bunduki ulijua kwa kunakili ubaoni?"

"Jeshini," baba akasema, "ukiuliza swali unazunguka uwanja mbio mpaka unasahau swali."

Watu walicheka mpaka hedimasta akashika meza. Mwalimu naye alicheka. Lakini nilimwona kutoka dirishani: alifungua mdomo kurudisha swali, na swali halikuja. Sikuwahi kuona hivyo kabla. Njiani kurudi nyumbani baba akaniambia, "Ule mutu kichwa yake iko vizuri sana. Hapana fuata yeye."

Hedimasta akaamuru noti ziandikwe ubaoni, mtihani wa taifa unakaribia. Mwalimu akaandika. Alijaza ubao kutoka kona hadi kona, mgongo wake kwetu, na sisi tukanakili, vizuri, kimya, kama makarani. Kiti chenye mikono kilibaki mbele na hakuna aliyekikalia, hata yeye mwenyewe. Nilizoea kukaa peke yangu nyuma. Kila siku, akimaliza ubao, alikuwa anageuka, anatutazama kidogo kama mtu aliyesahau kitu nyumbani, halafu anasema, "Mumeandika?"

"Ndiyo, Mwalimu."

Hilo ndilo swali pekee alilobaki nalo, na jibu lake tulilijua.

Tulifaulu, nisifiche. Mpaka leo naweza kukutolea maana ya osmosisi nikiwa nasinzia, na mahali popote pa maisha yangu sijakutana nayo. Mwaka uliofuata alihamishiwa shule ya upande wa Pajulu. Mimi niliishia sinia ya nne, yaani kidato cha nne, nikarudi nyumbani, baba akafariki, nikarithi shamba, jiko, na kichuguu kilichoko nyuma ya jiko. Na vijiti.

Sasa siku hizi wamebadilisha masomo. Binti yangu Amina alirudi kutoka shule akasema mwalimu hawapi noti, mwalimu anakaa, wanafunzi ndio wanatafuta. Eti kila mmoja achunguze jambo la kijijini kwao, alieleze mbele ya darasa. Nilicheka mpaka mke wangu akatoka jikoni kuona kama nimechomwa na nyuki. Kile kilichomwaibisha mtu mzima mbele ya wazazi, sasa kimekuja na muhuri wa serikali.

"Mimi nina jambo tayari," nikamwambia Amina. "Kumbikumbi na ngoma. Limebaki jibu tu, na mwenye jibu namjua."

Ilikuwa kiangazi. Mtu mwingine angesema, tungoje mvua, tukae kando ya kichuguu chetu tuone. Mimi, ambaye sipandi boda bila kuaga, nilioga, nikavaa, nikaenda hadi Arua kumwomba mzee wa watu alitoe lile jibu mfukoni.

Nilielekezwa kwake bila shida, mjini anajulikana. Alikuwa barazani kwa binti yake, kwenye kiti chenye mikono, redio iko benchini kando yake, mguu mmoja umevimba umewekwa juu ya kigoda. Kanzu nyeupe. Alikuwa amepungua, saa ya mkononi ilikuwa imeshuka karibu na kiwiko.

"Salaam aleikum, Mwalimu."

"Aleikum salaam. Wewe nani?"

"Unadhani nani?"

Akanitazama, halafu akacheka taratibu. "Koboko," akasema. "Benchi ya nyuma. Ile moja iko natazama mlango." Akaita chai iletwe. Tukaulizana za nyumbani, akanipa pole ya marehemu baba. "Mzee yako alinipiga vibaya ile siku," akasema. "Mimi mpaka leo natafuta jibu ya kumrudishia."

Nikaona ndiyo nafasi. "Mwalimu, mimi nimekuja kuchukua langu. Sasa mimi ni mtu mzima, huna haja ya kunificha. Wale kumbikumbi. Wanatoka kwa sababu ya kupiga, au wanatoka tu?"

Hakujibu, na mimi nikatabasamu, kwa sababu hivyo ndivyo alivyo. Nikangoja swali. Lakini halikuwa swali.

"Mimi nilikuwa nangoja nyinyi," akasema.

"Mwalimu, wacha mchezo. Wewe ulikuwa unajua."

"Nani alikuambia?"

Nilianza kucheka, halafu nikaona uso wake, nikaacha.

"Mimi mtoto ya mjini," akasema. "Hapana shamba, hapana kichuguu. Mutu akigusa kichuguu ya wengine ni vita. Nitajulia wapi? Niliuliza kwenu. Niliuliza Pajulu. Kila darasa niliuliza. Wanacheka, wanakwenda nyumbani, hakuna mutu anarudi." Akapunguza redio, ingawa ilikuwa imezimwa. "Mimi nilisema, pengine hawa watoto wanajua, wananificha."

Chai ikaja.

"Kwenu kichuguu iko bado?" akauliza.

"Iko, Mwalimu. Nyuma ya jiko."

"Na unapiga?"

"Kila msimu."

"Na usipopiga?"

Nilifungua mdomo kama yeye alivyofungua ule wa kwake mbele ya baba. Kile kichuguu kiko hatua chache kutoka kitandani kwangu. Katika Koboko nzima, kama kuna mtu mmoja aliyeumbwa kukaa nyumbani, kukunja mikono na kungoja tu, ni mimi. Sikosi pale mvua ya kwanza ikinyesha. Sijawahi kuwa mahali pengine.

"Sijui," nikasema.

Akatikisa kichwa, si kwa kunikataa, ila kama daktari anayeambiwa mahali panapouma. Kisha akashika mikono ya kile kiti, akaushusha ule mguu kutoka kwenye kigoda, akajiinua. Nikataka kumsaidia, akanisimamisha kwa kidole. Akasogeza redio, akahamia benchini, akakaa akipumua kwa nguvu. Kiti kikabaki wazi. Akavuta kitambaa mfukoni, akakifuta.

"Haya, mwalimu," akasema. "Kaa. Tufundishe."

Nilikaa. Kilikuwa bado na joto lake. Akainamisha kichwa upande, mdomo wazi kidogo, kama mtu asiyejua kabisa kitakachofuata, akangoja. Na mimi nikaitazama mikono yangu, ambayo imepiga ule ubao kila mwaka wa maisha yangu, nikitafuta ndani yake kitu kimoja, hata kimoja, cha kumwambia.